Nyumba ya Wasiotwishwa

Cheyo, Tabora
Alasiri

Mwanangu Sesilia,

Barua huanza kwa kuulizana hali, lakini hali yako naijua. Nimekuona mchana huu ukila ugali na mlenda kwa haraka ya mtu anayewahi saluni, na kwa mtindo wa nywele uliouchagua najua hutarudi kabla ya magharibi. Kwa hiyo nimefunika cherehani, nimesogeza pembeni sare za watoto wa watu, nimekaa kwenye meza ya kukatia nguo nikuandikie. Ningeweza kukuambia kwa mdomo. Nimejaribu tangu Jumapili, lakini kila nikifungua kinywa unasema, "Mama naye, ameanza," nami nacheka, na maneno yanaishia humo humo.

Usitafute humu habari za mchele, blanketi wala chandarua. Shangazi yako amekwisha kukupa maagizo ya kuwatosha watu watatu, na nilikuona ukiitikia "ndiyo shangazi" huku macho yako kwenye simu. Kufua unajua, kupika unajua, mlango wa bweni utaufunga mwenyewe. Mimi nina jambo moja tu, na nalitaja mapema nisije nikazungukazunguka mpaka ukaichoka barua. Naogopa utarudi Dodoma chuoni ukaanguka tena kimya kimya kama ulivyoanguka mwaka juzi. Na naogopa zaidi kwa sababu kuanguka kule kwa kimya nilikufundisha mimi.

Usikunje uso. Soma kwanza.

Unajua nilikokulia, kijijini kwetu, ukishapita Kigwa. Nililelewa na bibi yangu mzaa baba, yule ambaye picha yake iko sebuleni, aliyemkazia macho mpiga picha kana kwamba amemkanyaga. Njia ya zamani ya misafara ilipita nyuma ya nyumba yetu. Siku hizi ni kijia cha ng'ombe kati ya mashamba ya karanga, na basi lako kesho litapita kwenye lami bila hata kupunguza mwendo. Lakini kwa bibi ilikuwa kama misafara ilikoma juzi. Baba mkwe wake alikuwa mpagazi. Alibeba pembe za ndovu kutoka Tabora hadi pwani, akarudi na mizigo ya vitambaa na shanga, akaenda tena. Bibi alituambia habari hiyo kila jioni ya Mungu, na kila mara aliimaliza kwa sentensi ile ile, kwamba mkwe wake alifika pwani na hakuna mkono wa mtu uliogusa mzigo wake. Kisha alitutazama sisi wajukuu mmoja mmoja, akasema, "Nyumba hii hatutwishwi."

Wewe umekulia bomba liko uani, kwa hiyo acha nikueleze uzito wa maneno hayo. Kisimani, msichana akishajaza ndoo yake alisimama kando akasubiri. Mwenzake akitokea alimwambia neno moja tu, nitwishe. Wakaishika ndoo huku na huku, wakainua kwa pamoja, ikakaa kichwani juu ya ngata, na mwenye ndoo akaenda zake. Hakuna aliyeliona hilo kuwa msaada. Lilikuwa kama salamu. Mtu aliyepita bila kukutwisha ndiye aliyesemwa kijiji kizima.

Sisi wa nyumba ya bibi tulikuwa na utaratibu wetu. Tuliipandisha ndoo kwanza kwenye kichuguu kilichokuwa karibu na kisima, tukachuchumaa chini yake, tukaivuta mpaka ifike kichwani, kisha tukasimama huku shingo zinatetemeka na maji yanatuingia mgongoni. Wenzetu walitucheka. Walituita watoto wa kichuguu. Siku moja ndoo ilinitoka, ikaniangukia mguuni, ikapinda, na nikafika nyumbani nimelowa chapachapa, ninachechemea, sina hata tone. Nilijua nitachapwa. Bibi aliuliza kitu kimoja tu, kama nilimwomba mtu anitwishe. Niliposema hapana alinipa kiazi kitamu cha moto akanipangusa kichwa kwa kanga yake. Nilikuwa na umri kama wa mtoto wa darasa la pili, na nilikuwa nimepata fundisho ambalo lingenichukua karibu nusu ya maisha kulitoa.

Nampenda bibi yangu mpaka leo. Alinilea kwa jembe na kwa mapenzi, hakuniacha nilale njaa hata siku moja. Nakuambia hivyo ili usidhani natafuta wa kumtupia mzigo wangu.

Sasa niingie kwa baba yako, na hapa naomba unisomee polepole.

Wewe unamkumbuka akiwa mgonjwa. Mimi namkumbuka kabla. Alikuwa fundi baiskeli mwenye kelele kuliko wote mtaani, benchi lake halikukosa watu, na nusu yao hawakuwa na baiskeli. Walikuja kwa ajili ya maneno yake. Alipopatwa na kiharusi, upande mmoja wa mwili ukalala, na ulimi ukawa mzito. Wale watu walikuja mlangoni siku ya kwanza, ya pili, ya tatu. Jumuiya yetu ya kanisani ilikuja, wakapanga zamu za kunisaidia kumwogesha na kumgeuza. Wanaume wanne wazima, Sesi, wamesimama uani kwangu wamekunja mikono ya mashati. Nikawaambia ahsanteni, amelala, nitaweza. Wakaja tena, nikasema amelala. Mwishowe wakaacha kuja, na nikafurahi, kwa sababu nilihesabu kwamba nimeshinda.

Nilikuwa namwinua peke yangu. Namwogesha, namvalisha, namtoa kitandani, namrudisha, halafu nakaa kwenye cherehani mpaka macho yanauma. Watu walinisifu. Kanisani walinitazama kwa huruma iliyochanganyika na heshima, na nikailamba ile heshima kama asali. Nilisema moyoni, bibi angeniona sasa.

Siku tuliyoanguka unaikumbuka. Hatujawahi kuizungumza, lakini najua unaikumbuka. Nilikuwa namtoa nje akaote jua, na pale kizingitini goti langu likagoma. Tulikwenda chini wote wawili, yeye juu yangu, na sikuweza kumsogeza wala yeye hakuweza kujisogeza. Sikupiga kelele. Ukuta wa jirani yetu Mama Shukuru uko pale pale, ningekohoa tu angesikia. Nilikaa chini ya mume wangu nikingoja, sijui nikingoja nini, na baba yako alikuwa analia kwa upande mmoja wa uso.

Ukaingia wewe kutoka shule. Darasa la tatu, soksi moja juu moja chini. Uliweka begi chini, hukuuliza kitu, ukashika miguu ya baba yako ukaivuta mpaka nikapata nafasi ya kutoka. Tulipokwisha kumrudisha kitandani nilikushika mabega, nikakuambia, "Usimwambie mtu."

Ukatikisa kichwa kwamba umeelewa. Jioni nikakuwekea mnofu wa kuku uliokuwa wa baba yako, nikakuambia wewe ndiye mwanangu kweli kweli, kwa sababu hulii. Ukatabasamu. Kile kilikuwa kiazi kitamu cha bibi, Sesi, nami nilikuwa nakupa kwa mkono wangu mwenyewe na nikajiona nimekulea vizuri.

Nimesimama kidogo. Kumekuja mteja, mama wa yule mtoto mwenye mabega mapana, anataka shati la shule lipanuliwe. Amesikia unaondoka kesho, akasema, "Mwambie ajikaze." Nimemwitikia, kwa sababu ni neno zuri na amelisema kwa upendo. Utalisikia kutoka kwa kila atakayekuaga, jikaze, kaza moyo, usilegee. Lakini mimi ni fundi. Nimeshinda na uzi miaka yote hii, na kosa la kwanza la kila mwanafunzi niliyemfundisha ni kukaza uzi wa cherehani kupita kiasi akidhani mshono utakuwa imara. Kwa macho unapendeza. Mtoto akiinama mara moja darasani, unakatika wote. Ndiyo maana sitakuambia ujikaze.

Nirudi nilipoachia. Mama Shukuru aligundua, sijui kwa njia gani, labda kwa kunitazama nilivyotembea. Unamjua Mama Shukuru, Mmoraviani wa kwaya, mikono kama ya mpiga tofali. Wakati ule bomba letu halijavutwa uani, wote tulichota kwenye kioski cha maji kule njia panda. Asubuhi moja kajaza ndoo yake, kasimama kando yake, kaniangalia, kasema, "Mama Sesi, nitwishe." Nikamtwisha. Kesho yake tena. Kesho kutwa tena. Nikaanza kumuwaza vibaya, kwamba mwanamke mzima anaweza kuinua ndoo kwa mkono mmoja lakini anasubiri mimi nitoke ndani. Iliendelea hivyo mpaka nikazoea, mpaka nikawa nachelewesha ndoo yangu ili nimtwishe kwanza. Halafu siku moja akatwishwa, na badala ya kuondoka akasimama pale pale na ndoo yake kichwani, maji yakimchezea usoni, akanitazama.

"Sasa wewe," akasema.

Nikamwambia nitaweza. Akasema hajaniuliza kama nitaweza, ananiuliza yeye ana kazi gani pale kama si kunitwisha. Kisha akaishusha ndoo yake mwenyewe, kwa mkono mmoja kama nilivyojua siku zote, akangoja. Ilinichukua muda. Watu walikuwa kwenye foleni. Nilijisikia kama navuliwa nguo hadharani, na neno lenyewe lilitoka dogo hata sikulisikia vizuri. Nitwishe. Akainua upande wake, mimi upande wangu, ndoo ikapanda kichwani nyepesi kama imejaa pamba. Nililia njia nzima mpaka nyumbani, na kwa kuwa maji yalikuwa yananidondokea usoni hakuna aliyejua.

Jioni ile ile nilikwenda kwa kiongozi wa jumuiya nikamwambia ukweli wote, pamoja na kuanguka. Asubuhi wale wanaume walikuja, wanne wale wale. Mmoja aliingia chumbani, akamwinua baba yako kama mtoto, akamkalisha kwenye kiti. Baba yako aliwatazama mmoja baada ya mwingine. Ulimi wake ulikuwa mzito lakini maneno yale aliyasema sawasawa.

"Mlikuwa wapi?"

Waligeuka wakanitazama mimi.

Hilo ndilo kosa ambalo nikipewa nafasi ya kurudisha jambo moja tu maishani ningelirudisha. Nilidhani najinyima mwenyewe, kumbe nilikuwa namnyima yeye. Mtu aliyeishi kwa maneno na watu, nilimfungia mlango miezi yote ile akaamini kwamba rafiki zake wamemtupa, ili mimi nionekane mwanamke shupavu. Baada ya hapo walikuja kila siku. Walimwogesha, walimnyoa, walimtoa nje kwenye lile benchi lake ambalo lilihamishiwa uani, wakacheza naye bao wakimwibia kete makusudi ili awatukane. Ulikuwa unawapelekea chai. Nadhani unakikumbuka kicheko chake cha upande mmoja. Tulipata masika mazima ya kicheko kile kabla hajatutoka, na tungeweza kupata zaidi.

Baada ya maziko shangazi yangu Tabu, dada yake baba, alibaki hapa kunifariji. Nikamsimulia mambo haya yote, nikaishia kumwambia kwamba nimeivunja nyumba ya wasiotwishwa. Shangazi alicheka mpaka akajishika mbavu, msibani, nikaogopa watu watatushangaa. Akaniuliza kama najua jina la babu yangu limetoka wapi. Nikasema Lugendo ni jina la ukoo wetu, hata shuleni niliandikwa Anna Lugendo. Akasema si la ukoo. Lugendo alikuwa mpagazi mwenzake babu mkuu, yule mkwe wa bibi. Mzigo wa pembe ukishakuwa chini, mtu mmoja hawezi kuurudisha begani mwenyewe akaanza safari ya siku nzima, labda aumie. Kila alfajiri, kila kambi, Lugendo alimtwisha babu mkuu, na babu mkuu akamtwisha Lugendo. Walikwenda hivyo mpaka pwani na kurudi, safari baada ya safari. Babu mkuu alipopata mtoto wa kwanza wa kiume hakumwita kwa jina la baba yake kama watu walivyotarajia. Alimwita Lugendo.

Shangazi alisema bibi alilijua hilo. Alisikia kwa masikio yake kutoka kwa mkwe wake, ila hadithi ya mtu mmoja shujaa ilimnogea kuliko ya watu wawili, akamtoa yule wa pili. Sikumkasirikia. Nilikaa tu pale kwenye mkeka nikifikiri jinsi tulivyokaa chini ya kichuguu kile, watoto wa nyumba nzima, tumebeba jina la mtu aliyetwisha huku tukijivunia kutotwishwa.

Ungefikiri baada ya hayo nilikuita nikakuambia, mwanangu, lile neno la siku ile nalifuta. Sikukuita. Nilijifunza mimi, nikadhani na wewe umejifunza kwa kunitazama. Ulikua vizuri, shule unafaulu, hulalamiki, nikawa nawaambia watu huyu wangu ni jabali. Jabali! Ulikwenda chuo na neno hilo kwenye begi. Kila nilipopiga simu ulisema uko poa, mama, niko poa, na nilifurahi kwa sababu nilitaka kufurahi. Hukuwa poa. Hukuwa unalala, hukuwa unakula, ulikuwa umekaa na vitabu wazi usiku kucha bila kusoma mstari. Alinipigia Rehema, yule mwenzako wa chumbani, akijificha chooni usimsikie. Nikamwambia akupandishe basi.

Ulipofika stendi uliteremka umekonda, sweta linaning'inia, ukaniambia, "Mama, nimeshindwa." Na mimi, Sesi, kabla sijakukumbatia, niligeuza shingo kutazama kama kuna mtu wa Cheyo karibu. Ni kitambo kidogo sana, labda hukukiona. Mimi nilikiona. Halafu kwa majirani nikasema ni malaria. Nikarudia kosa lile lile la kizingitini, safari hii bila hata kufungua mdomo kukuambia usiseme.

Aliyelifuta neno langu ni wewe mwenyewe. Hujui kama nilikuwepo. Mwezi wa pili au wa tatu tangu urudi, ulikuwa nje ya geti unaongea na mke wa muuza mkaa, akakuuliza malaria imekwisha. Nilikuwa ndani ya geti na beseni la nguo. Ukamjibu taratibu, "Haikuwa malaria, dada. Masomo yalinizidi na sikumwambia mtu." Basi. Hukulia, hukujieleza sana. Yule mama akasema pole, akakuambia habari ya mdogo wake, mkasimama pale mkazungumza mpaka mkaa wa mteja wake ukasahaulika. Niliketi chini kando ya beseni, nikawaza kwamba nimetafuta nguvu ya moyo tangu kichuguuni na sasa nimeisikia ikizungumza nje ya geti langu kwa sauti ya mwanangu.

Kwa hiyo siandiki kukufundisha kitu usichokijua. Nakuandikia kwa sababu nakijua chuo kilivyo, na najua ukifika pale kila mtu atakuwa amevaa uso wake wa kuweza, na wewe una kipaji cha kuvaa uso huo kuliko wote. Utarudia mwaka na watu waliokuwa nyuma yako. Siku ya kwanza itauma. Ukitaka kujua mimi naona nguvu ni kitu gani, naona ni ile sekunde kwenye foleni ya maji kabla neno halijatoka. Zile ndoo nilizojitwisha kwenye kichuguu zilikuwa ukaidi tu, na ukaidi huwa nao hata punda wa karibu na stesheni.

Na hiyo sekunde inazoeleka. Mama Shukuru aliijua kazi yake, hakuanza na mimi kwenye mzigo mkubwa. Basi na wewe anza na chumvi. Gonga mlango wa jirani uombe chumvi hata kama unayo, ficha yako kabatini. Kisha omba daftari la mtu unakili. Kisha mwulize mwalimu kitu ambacho unaona darasa zima wamekielewa, ingawa nakuhakikishia nusu yao wanatikisa vichwa tu. Siku mzigo wenyewe utakapokuja, kinywa kitakuwa kimeshazoea. Na uombe ndoo ikiwa bado chini. Mimi nilisubiri mpaka nikawa chini, kizingitini, na mume wangu juu yangu.

Usinielewe vibaya, hakuna atakayekubebea. Mama Shukuru alinitwisha, lakini hakunipeleka nyumbani. Njia ile niliitembea mwenyewe, kwa shingo yangu, na wewe kitabu utakisoma mwenyewe na mtihani utaufanya mwenyewe. Siku nyingine utaona ndoo imejaa kupita kiasi, basi mwaga kidogo, hakuna aliyekufa kwa kufika na maji pungufu. Kurudia mwaka ndiko huko. Na ukimwona mwenzako anasema "niko poa" haraka mno kabla hujamaliza kumuuliza, msogelee. Wewe unaijua ile haraka.

Rehema bado yupo. Sijampigia. Haya, nimempigia, mara moja tu, na amesema kitanda cha juu amekushikia. Usimgombeze. Siku ile ya chooni ndiye aliyekutwisha, na mimi nikiwa na mjukuu wa kiume nitashauri aitwe Ramadhani, jina la baba yake Rehema, uone padri atakavyoshangaa.

Nasikia jua linashuka, maana kuku wa Mama Shukuru wameanza ugomvi wao wa kupanda mtini. Utaingia wakati wowote na kichwa kinachouma kwa kusukwa, na utataka nikusifie, nami nitakusifia. Barua hii nitaiweka ndani ya ule mfuko wa mbele wa begi, uisome ukishapita Kigwa, ukiwa umekaa dirishani. Tazama upande wa karanga. Hutaona kitu, lakini tazama.

Kwa hiyo ukiisoma, jambo ninalotaka kulifanya kesho litakuwa limeshapita, na utakuwa umeelewa kwa nini mama yako alikuwa na mambo ya ajabu asubuhi asubuhi. Bajaji haifiki kwetu tangu mtaro uchimbwe, lazima tutembee mpaka barabarani. Begi utalibeba wewe. Mchele wako nitaubeba mimi kichwani, na Mama Shukuru amekwisha kuniuliza mara mbili kama aje anitwishe. Nimemwambia asije. Namwomba Mungu anipe ujasiri nisiupandishe kwanza mezani nikauchuchumalia, maana mazoea hayo hayajafa.

Mama Shukuru nimeshamwomba mara nyingi. Wewe sijakuomba hata mara moja tangu nikuzae. Siku ile kizingitini hukuombwa, ulikuta tu mzigo umeanguka na mama yako yuko chini yake, ukainua kwa mikono ya darasa la tatu, na malipo yako yakawa kufungwa mdomo. Kesho nataka nikuombe kama mtu anavyomwomba mtu. Gunia litakuwa chini, ngata itakuwa kichwani, nami nitakutazama machoni na kusema, nitwishe, Sesi.

Shika upande wako. Na ukiniona nalia njiani, maana nitalia, safari hii mwambie yeyote unayetaka.

Mama yako anayekupenda,
Anna Lugendo